Mdharau Mwiba: Kisa cha Mti wa Vikapu

Katika vinamasi vya kaskazini-mashariki mwa Marekani na kusini-mashariki mwa Kanada huota mti unaoitwa eshi nyeusi. Ni wa ukoo mmoja na mzeituni na yasmini, ingawa kwa kuutazama huwezi kudhani. Hauna maua ya kuvutia, mbao zake hazigombewi sokoni, na hupenda kusimama palepale ambapo mkulima hataki kulima, kwenye tope jeusi na maji yaliyotuama. Kwa mwenye kiwanda cha mbao mti huu haukuwa na thamani kubwa. Kwa wenyeji wa asili wa maeneo hayo, Wapenobscot, Wapassamaquoddy, Wamaliseet, Wami'kmaq, Wamohawk, Waojibwe, Wapotawatomi na wengineo, hakuna mti mwingine unaoweza kushika nafasi yake. Ndio mti wa vikapu.

Mti huo sasa unateketea, na ufundi uliorithishwa kwa vizazi na vizazi unatetereka pamoja nao. Haukuangushwa na vita wala moto, na hakuna aliyekaa chini akapanga uangamie. Uliponzwa na mbao za kufungashia bidhaa, miche ya bustani na kuni za kuotea moto, vitu ambavyo aliyevibeba hakuviona kuwa na uzito wowote. Ndiyo maana nakisimulia kisa hiki kwa wasomaji walio mbali na vinamasi hivyo. Msiba wa namna hii haubishi hodi, na kila anayesafirisha mzigo anaweza kuufungulia mlango bila kujua.

Tuanze na ufundi wenyewe, maana asiyejua thamani ya kitu hawezi kuelewa hasara ya kukipoteza.

Anayetafuta mti wa vikapu huingia kinamasini na kupita miti mingi bila kuigusa. Anataka shina lililonyooka, lisilo na tawi wala fundo kwa urefu wa mita mbili au zaidi, na gome lisilojipinda. Akiupata unaomridhisha, hukata kijipande pembeni atazame pete za ukuaji. Pete zikiwa nyembamba mno, tepe zitakazotoka zitakatika; zikiwa nene mno, zitagoma kukunjika. Kati ya miti mingi huenda akachukua mmoja tu.

Gogo likishafikishwa nyumbani na kumenywa gome, kazi ya kupiga huanza. Kwa upande usio na makali wa shoka, au kwa nyundo nzito, mpigaji hulipiga kutoka ncha hadi ncha, pigo likigusana na pigo, bila kuruka hata upana wa kidole. Anarudia mstari uleule mpaka tabaka la juu lianze kuinuka. Hapo hulishika kwa mikono miwili, hulivuta, na utepe mrefu wa mti huachana na gogo. Unene wa utepe huo ni mwaka mmoja wa uhai wa mti. Chini yake upo mwaka uliotangulia, nao husubiri kupigwa kwa zamu yake.

Siri ya jambo hili imo ndani ya mti. Kila mwaka eshi nyeusi hukua kwa hatua mbili. Majira ya kuchipua hujenga tabaka la mirija mipana yenye kuta nyembamba, ya kupandishia maji. Kiangazi kikija hujenga tabaka la nyuzi ngumu zilizoshikamana. Pigo la shoka husaga lile la mirija, na lile la nyuzi hubaki zima. Miti mingi ukiipiga hivyo utaambulia vijiti vilivyopasuka. Hata eshi nyeupe, ndugu yake, haiachii tepe kwa wepesi kama yeye.

Utepe ukitoka kwenye gogo huwa bado mnene. Kwa kikapu cha kazi ngumu hufaa ulivyo. Kwa kikapu cha urembo, msusi huuchanja nchani kwa kisu, akazishika pande mbili na kuzivuta taratibu, moja huku na nyingine kule, mpaka upasuke katikati ya unene wake, kama msusi wa mkeka anavyochana miyaa kwa kucha. Mkono ukizidi nguvu upande mmoja, mpasuko hukimbilia huko na utepe hukatika. Ukienda sawa, uso wa ndani hutokea laini na wenye kung'aa, hauhitaji msasa. Kisha utepe hupitishwa kwenye kifaa kidogo cha mkononi chenye meno ya chuma, ukatoka umegawanyika kuwa nyuzi za upana mmoja. Vifaa hivyo, pamoja na kalibu za mbao ambazo vikapu husukwa juu yake, hurithiwa katika familia. Ndipo mtande hupangwa, mshindio hupita juu na chini, na kikapu hupanda.

Ufundi huo ulilisha watu. Katika kaunti ya Aroostook, kaskazini mwa jimbo la Maine, enzi viazi vilipovunwa kwa mkono, vikapu vya eshi ndivyo vilivyobeba mavuno kutoka kwenye matuta hadi kwenye mapipa. Pwani ya jimbo hilohilo, tangu karne ya 19, matajiri wa miji mikubwa walipoanza kumiminika Bar Harbor kupunga upepo wakati wa kiangazi, wanawake wa mataifa ya Wabanaki (Wapenobscot, Wapassamaquoddy, Wamaliseet na Wami'kmaq) waliwasukia vikapu vidogo vya urembo, wakavitia msuko wa nyasi zenye harufu nzuri zinazovunwa kwenye vinamasi vya maji ya chumvi. Huko Akwesasne, ardhi ya Wamohawk iliyokaa juu ya mpaka wa Marekani na Kanada, Mary Adams alisuka kikapu alichotunukiwa Papa Yohane Paulo II mwaka 1980. Na masimulizi ya Wabanaki yanaupa mti huu heshima iliyopita ya soko lolote. Shujaa Gluskabe alipiga mshale kwenye eshi, mti ukapasuka, na watu wakatoka ndani yake wakiimba na kucheza. Kwao mti huu ni asili ya ukoo kabla haujawa malighafi.

Tishio la kwanza lilitoka kwenye mikono, mti ukiwa bado upo. Mashine zilichukua uvunaji wa viazi, plastiki ikachukua nafasi ya kikapu, na bei ya kazi ya mkono ikawa haitoshi kumshika kijana nyumbani. Kufikia miaka ya mwanzo ya 1990, wasusi wa Maine waliokuwa chini ya miaka 50 walikuwa wa kuhesabika. Theresa Secord, Mpenobscot aliyesomea jiolojia, alijifunza kusuka kwa bibi mmoja wa taifa lake, Madeline Tomer Shay. Bibi huyo alifariki mwaka 1993, naye hutajwa kuwa msemaji wa mwisho aliyekulia lugha ya Kipenobscot na kuizungumza kwa ufasaha. Hapo ndipo ilipoonekana wazi kwamba wazee hawatasubiri, na kwamba kila anayeondoka anaondoka na kitu ambacho hakijaandikwa popote.

Mwaka huohuo wa 1993 wasusi wa mataifa manne ya Maine waliunda umoja wao, Secord akiwa kiongozi mwanzilishi. Wakawaketisha wazee na vijana pamoja, wakatafuta masoko yanayolipa bei ya haki, wakaidaia kazi yao heshima ya sanaa. Jitihada zikazaa matunda. Vijana walirudi, na wastani wa umri wa wasusi ukashuka. Mwaka 2011 Mpassamaquoddy mmoja, Jeremy Frey, alitwaa tuzo ya juu kabisa katika soko la sanaa za wenyeji huko Santa Fe kwa kikapu cha eshi, na mwaka 2024 jumba la makumbusho la sanaa la Portland, Maine, likamfanyia onyesho kubwa la kazi zake. Ufundi uliokuwa unazikwa pamoja na wenyewe ulisimama tena.

Kisa kingeishia hapo, kingekuwa kisa cha furaha. Lakini katika miaka ileile ambayo wazee wa Maine walikuwa wakiwafundisha vijana kuchana tepe, zaidi ya kilomita 1,000 magharibi mwao, katika viunga vya jiji la Detroit, mgeni alikuwa ameshaingia.

Mgeni huyo ni bungua mwenye rangi ya kijani cha zumaridi, mwembamba, asiyezidi urefu wa ukucha wa kidole gumba. Kwao ni kaskazini-mashariki mwa Asia. Huko miti ya eshi imeishi naye tangu enzi na enzi na imejifunza kujikinga, kwa hiyo husumbua zaidi ile iliyodhoofika. Inaaminika alisafiri ndani ya mbao za kufungashia bidhaa, yale makreti na paleti ambazo mwenye mzigo huzitupa mara tu bidhaa zikishatolewa. Bungua mkubwa hula majani na madhara yake ni madogo. Anayeua ni buu. Jike hutaga mayai kwenye nyufa za gome, buu hutoboa kuingia ndani, na hapo hula ile ngozi laini iliyo kati ya gome na mti, ambayo ndiyo njia ya chakula kutoka majanini kwenda mizizini. Ukilibandua gome la mti uliougua utaona vijia vyake vikipinda huku na kule kama maandishi yasiyosomeka. Vijia vikizidi, njia za chakula hukatika pande zote, na mti hufa kwa njaa ukiwa umesimama, mara nyingi ndani ya miaka mitatu hadi mitano.

Ubaya wake ni kwamba huanzia juu, kwenye matawi ya kileleni ambako jicho la mtu halifiki. Dalili zikishuka hadi usawa wa macho, yaani matundu madogo yenye umbo la herufi D aliyotokea bungua aliyekomaa, au gome lililobanduliwa na vigogota wanaotafuta mabuu, mti huwa umeshakwisha.

Angalia sasa jinsi kosa lilivyofuata kosa. Miti ya eshi ilipoanza kunyauka katika eneo la Detroit, sababu iliyofikiriwa kwanza ilikuwa ugonjwa wa zamani uliojulikana, unaoifanya miti hiyo iwe ya njano na kudhoofika. Jibu lilikuwepo tayari, kwa hiyo hapakuwa na haraka ya kutafuta jingine. Bungua alitambuliwa mwaka 2002, Detroit na pia Windsor, ng'ambo ya mto upande wa Kanada. Baadaye wataalamu walisoma pete za ukuaji za miti iliyokufa, wakagundua kwamba alikuwa amekaa hapo tangu mwanzo au katikati ya miaka ya 1990. Kwa miaka kadhaa alikuwa akila mezani kwa mwenyeji asiyejua kwamba ana mgeni.

Na onyo lilikuwa limeshatolewa. Miji mingi ya eneo hilo ilikuwa na miti ya eshi kila barabara kwa sababu miti ya elmu iliyokuwapo kabla yake iliangamizwa na ugonjwa wa ukungu ulioingia Marekani karibu na mwaka 1930 ndani ya magogo yaliyotoka Ulaya. Watu walikata elmu zilizokufa, wakapanda mti mwingine wa aina moja safu kwa safu, na milango ya mzigo ikabaki wazi kama ilivyokuwa. Majuto ni mjukuu, lakini kuna watu ambao hata mjukuu akija hawamtambui.

Karantini ilitangazwa: eshi isitoke katika maeneo yaliyoathirika. Mwaka 2003 miche iliyokuwa na bungua ilisafirishwa kutoka kitalu kimoja cha Michigan, jimbo lenye jiji la Detroit, kwenda kitalu cha jimbo la Maryland, ingawa zuio lilikuwa limeshawekwa. Ilipogundulika, miti ya eneo zima ilikatwa na kuchomwa. Mwaka 2006 bungua akaonekana tena mahali hapo. Upande wa Kanada, katika jimbo la Ontario, serikali ilifyeka miti yote ya eshi katika ukanda wenye upana wa kilomita 10, kutoka Ziwa Erie hadi Ziwa St. Clair, ili mdudu akifika akose cha kula na asivuke. Kazi hiyo ngumu ilifanywa kwa nia njema. Ilikuja kujulikana kwamba mdudu alikuwa ameshavuka kabla shoka la kwanza halijainuliwa.

Aliyemvusha alikuwa nani? Bungua huyu akiachwa na mbawa zake husogea kilomita chache kwa mwaka. Kuruka mito mikubwa na kuibuka mamia ya kilomita mbele ni kazi ya gari. Mara nyingi makundi mapya yaligunduliwa kwenye maeneo ya kupiga kambi au karibu nayo, na ukifikiri kidogo utaona sababu.

Chukulia familia moja ya viungani mwa Detroit. Mti wa eshi uani umekufa. Baba ameukata na kuupasua kuni. Kiangazi kimefika, watoto wamefunga shule, wanakwenda kukaa juma zima kando ya ziwa. Kuni zipo bure, kwa nini wanunue nyingine huko? Anapakia mafungu mawili nyuma ya gari. Chini ya magome ya kuni hizo mabuu yamekomaa na yanasubiri joto. Familia inaota moto, watoto wanafurahi, na siku ya kuondoka kuni zilizobaki zinaachwa zikiwa zimepangwa vizuri kwa ajili ya mgeni anayefuata, kwa ukarimu kabisa. Wiki chache baadaye bungua wanatoka, wanaruka, na juu yao wanakuta eshi nzima nzima ambazo hazijawahi kumwona adui huyu. Hakuna mwovu katika kisa hicho. Yupo baba anayebana matumizi na jirani mwema, na msitu umekwisha.

Yazidishe hayo kwa maelfu ya magari na miaka 20. Mwaka 2009 bungua aligunduliwa katika jimbo la New York. Mwaka 2018 alithibitishwa Maine, kaskazini kabisa, mpakani na Kanada, katika kaunti ileile ya Aroostook iliyolishwa na vikapu vya eshi. Mwaka 2022 alionekana Oregon, upande wa pili wa bara. Miti aliyoua Amerika Kaskazini huhesabiwa kwa mamia ya mamilioni. Mwaka 2017 shirika la kimataifa la uhifadhi, IUCN, liliiweka eshi nyeusi katika daraja la viumbe walio hatarini kabisa kutoweka. Na Januari 2021 serikali ya Marekani iliondoa karantini yake ya kitaifa ya eshi, kwa kuwa haikuwa tena na uwezo wa kumzuia, ikaelekeza nguvu kwenye njia nyingine, hasa nyigu wadogo kutoka Asia ambao huyashambulia mayai na mabuu yake.

Kwa mwenye bustani mjini, hasara ya eshi ni kivuli na gharama ya kupanda mti mwingine. Kwa msusi ni jambo lingine kabisa. Mti uliokufa ukiwa umesimama hukauka, na mti mkavu hauachii tepe. Hawezi kukimbilia mzoga wa msitu akavuna akiba ya maisha. Hawezi pia kuhamia mti wa jirani, kwa sababu ule muundo wa mirija na nyuzi unaoufanya utepe utoke haupatikani kwingine kwa namna ileile. Na pakipita kizazi kizima bila mti, mkono hausahau kusuka tu. Husahau pia kuchagua mti kinamasini, husahau sauti ya pigo zuri, husahau mkazo wa vidole unaoufanya utepe upasuke katikati. Mambo hayo hayaingii vizuri kwenye kitabu. Huingia mwilini mwa mwanafunzi aliyesimama kando ya mwalimu, gogo likiwa mbele yao wote wawili.

Wasusi hawakukaa kulia. Kelly Church, msusi wa Michigan mwenye asili ya Wapotawatomi, Waodawa na Waojibwe, alishuhudia eshi za jimbo lake zikiteketea mapema kuliko za wengine, akaanza kukusanya mbegu na kuwafundisha wenzake kufanya hivyo. Kati ya kazi zake kipo kikapu chenye umbo la yai ambacho ndani yake ameweka bungua mmoja katika kichupa, pamoja na diski ndogo ya kompyuta yenye maelezo ya ufundi huu, ili watoto ambao huenda wakakulia katika nchi isiyo na eshi wajue pa kuanzia miti itakaporudi. Mbegu zenyewe zinataka moyo wa subira. Eshi nyeusi haizai sana kila mwaka, na mbegu ikipandwa aghalabu hulala ardhini mwaka mzima au zaidi kabla ya kuota. Huko Akwesasne Wamohawk walikuwa wameanza kupanda na kutunza miche ya eshi nyeusi hata kabla bungua hajawafikia.

Wasusi na watafiti wa misitu walishirikiana pia katika jambo moja linaloonyesha thamani ya elimu ya wazee. Tangu zamani wasusi waliyahifadhi magogo yao majini ili yasikauke. Watafiti walijaribu kuyazamisha magogo yenye mabuu kwenye kijito, wakaona kwamba yakikaa muda wa kutosha katika majira yafaayo, mabuu hufa yote, na mti ukitolewa bado hupigika na kutoa tepe nzuri. Jibu lilikuwa tayari kwenye desturi. Lilihitaji tu mtu wa kuuliza.

Sasa tuje kwenye funzo, maana kisa kisichomgusa msikilizaji ni porojo.

La kwanza ni kwamba kitu kisicho na bei sokoni si lazima kiwe hakina thamani. Eshi nyeusi iliachwa bila mlinzi kwa sababu mnunuzi wa mbao hakuitaka. Waliokuwa wakiijua thamani yake hawakuwa mezani wakati sheria za mizigo zinatungwa. Mahali popote wanapokaa watu kuamua juu ya msitu, kinamasi au mwambao, aitwe pia msusi, mganga wa miti shamba, mvuvi na mfuga nyuki. Wao huona kwenye pori vitu ambavyo daftari la mapato haliandiki.

La pili ni kuuliza mapema. Mti wa kwanza ukinyauka bila sababu inayoeleweka, usiridhike na jibu la kwanza kwa kuwa ni jibu lililozoeleka. Miaka iliyopotea Detroit kwa kumlaumu adui wa zamani ndiyo iliyompa adui mpya nafasi ya kujijenga. Mkulima anayeona kitu asichowahi kukiona kwenye shamba lake amwite bwana shamba siku hiyohiyo, na bwana shamba asimcheke.

La tatu ni mzigo. Mwaka 2002, mwaka uleule bungua alipotambuliwa, nchi zilikubaliana kanuni kwamba mbao za kufungashia bidhaa zinazovuka mipaka zitibiwe kwanza, kwa mfano kwa kupashwa joto mpaka kiini cha mbao kifikie nyuzi 56 za Selsiasi kwa dakika 30 mfululizo, kisha zipigwe muhuri. Kanuni hiyo hutumika hata kwa mizigo inayoshuka Mombasa. Wanaonunua paleti kuukuu ili wazigeuze kuwa viti, vitanda au kuni wazigeuze kwanza na kuutafuta muhuri wenye picha ya suke la ngano, alama ya nchi ilikotengenezwa na herufi za aina ya tiba. Paleti isiyo na muhuri, hasa yenye vipande vya gome na vitundu, si ya kupeleka shambani.

Wala tusidhani jambo hili ni la ughaibuni. Dumuzi, mdudu anayegeuza ghala la mahindi kuwa unga, kwao ni Amerika ya Kati. Alitambuliwa Tabora mwanzoni mwa miaka ya 1980, akafuata njia za biashara ya nafaka akaenea nchi jirani na mbali zaidi. Batobato na michirizi ya kahawia ya muhogo hubebwa ndani ya pingili tunazopeana kwa wema kabisa, mtu akitoka kumtembelea shangazi na fungu la mbegu begani. Ukarimu wetu hauna ubaya. Ukarimu usiokagua ndio unaopeleka msiba kwa tunaowapenda. Chukua mbegu palipothibitishwa kuwa safi, na kuni ziwake karibu na zilikokatwa.

La nne linawahusu wenye ufundi. Wasusi wa Maine waliponea chupuchupu mara ya kwanza kwa sababu waliketi na wazee wao kabla hawajaisha, na kwa sababu hiyo bungua alipowafikia aliwakuta wengi, wamejipanga na wenye sauti. Kama angewakuta wale wachache wa mwaka 1993, pasingekuwa na wa kukusanya mbegu wala wa kuwaelekeza watafiti. Basi kila mwenye kusuka ukili, kuchonga mtumbwi, kufua chuma au kufinyanga chungu amtafute mwanafunzi sasa, akiwa bado ana nguvu za kumwonyesha, na amfundishe kuanzia porini malighafi inakotoka, asianzie pale inapofika ikiwa tayari. Mwanafunzi ajue mkindu huota wapi, hukatwaje bila kuuawa, na nini hufanyika ukianza kuugua. Fundi anayejua kazi ya mikono bila kujua mti wake hana habari msiba ukianza.

Mdharau mwiba mguu huota tende. Mwiba wa kisa hiki ulikuwa ubao wa kreti na fungu la kuni, na aliyeudharau hakuwa mjinga wala katili, alikuwa na haraka tu na hakutazama. Kutazama hakugharimu kitu. Kabla hujapakia kuni, pingili, mche au paleti, igeuze, ikague chini ya gome, na ukiwa na shaka iache ilipo. Mti wa mtu mwingine, ambaye huenda hutamjua kamwe, unategemea dakika hiyo moja.